Meza za Makabila

Walisema skuli ya watoto wadogo ninayotaka kuifungua siiwezi. Walisema na mengine, lakini hilo ndilo lililoniuma. Kwenye baraza yetu ya Mlandege, muuza kahawa, Mmakunduchi mwenye sauti ya kufika Darajani, alitangaza nilipopita: "Skuli gani ataiweza yule? Labda ya kufundisha watoto kujisifu. Na nani atampelekea mwanawe mtu asiyejua mwenyewe ni kabila gani?"

La kabila alikuwa na haki. Babu mzaa baba alitoka Unyamwezini kuja kuchuma karafuu, akaoa Mngazija. Upande wa mama kuna watu wa Chwaka, kuna Mwarabu, na kuna mtu mmoja ambaye nikimuuliza bibi habari zake huniambia nile, chakula kinapoa.

Lakini la kuweza, hapo alikosea. Mimi nimekaa Ulaya. Usiku nimeosha masufuria ya mikahawa, mchana nimesoma, nikarudi na stashahada ya ualimu wa watoto wadogo, yenye muhuri ambao ukiupapasa unausikia kwa kidole. Niliitundika ukutani mwa chumba cha skuli, mkabala na dirisha, ili anayekunywa kahawa nje aione bila ya kunyanyuka.

Nikatangaza wiki ya kwanza bure. Ikimalizika, wazazi waamue: kuandikisha watoto au kuwatoa. Wakiwatoa, narudi kuosha masufuria. Hata muuza kahawa alimleta mwanawe, "maadamu ni bure."

Siku ya mwisho nilitaka kuwamaliza kabisa. Ulaya, chuo chetu kilikuwa na Siku ya Mataifa. Waliniweka kwenye meza iliyoandikwa Afrika, wakanipa ngoma ambayo sijapata kuigusa maishani. Niliipiga, wakatokwa na machozi. Nikaona, kama bara zima nimeliweza peke yangu, mtaa mmoja utanishinda?

Vyombo sina, nikaazima. Zulia kwa bibi wa Kihindi, fundi cherehani wa ghorofa ya chini. Sufuria kubwa kwa mama wa Kisukuma anayeuza chapati na Jumapili huenda kanisani. Birika na sinia, nikameza mate ya uchungu, kwa muuza kahawa. Nikapanga meza, kila moja na kibao chake cha kadibodi: Wahindi, Waarabu, Wangazija, Wabara, Wamakunduchi. Kila mtoto aje na nguo za kwao na chakula cha kwao.

Wa kwanza kuingia alikuwa binti wa mama chapati, amevaa sari inayometameta.

"Mwanangu, hizi ndizo nguo za kwenu?"

"Ndiyo, Mwalimu. Kanishonea bibi wa chini. Kasema mie mjukuu wake."

Mjukuu wake hasa, wa damu, alikuja na kanzu na kofia ya viua. Mtoto wa muuza kahawa alijifunga shuka ya Kimasai, kwa sababu, alisema, amewaona ufukweni na wana fimbo. Na chakula? Nilifunua sufuria ya kwanza: pilau. Ya pili: pilau. Ya mama chapati: pilau. Nikaomba Mungu ya mwisho iwe hata muhogo. Pilau.

"Mwalimu," alisema muuza kahawa kutoka mlangoni, "na wewe unakaa meza gani?"

Watu wote wakanigeukia. Nilitazama vibao vyangu kimoja kimoja. Stashahada nayo ilinitazama kutoka ukutani.

"Mwacheni akae kitako chini, ale," alisema bibi wa Kihindi, akanivuta kwenye zulia lake. Meza zikasukumwa pamoja, zikawa za masufuria. Kibao cha Wangazija kilifunika pilau isiingie nzi, cha Waarabu muuza kahawa alikitumia kupepea mkaa wake. Wazazi walibishana mpaka alasiri bizari ya nani imezidi. Nikajua siku yangu imeharibika.

Wakati wa kuondoka, mama chapati aliuliza, "Jumatatu mnaanza saa ngapi?" Bibi wa Kihindi akasema wa kwake aandikwe. Wengine wakafuata. Muuza kahawa peke yake alimshika mwanawe mkono, akaenda zake bila ya kumwandikisha.

Vyombo vya watu havirudi vitupu, hilo hata Ulaya sikulisahau. Nikakesha nikifikiri niweke nini. Pilau haiwezekani tena. Kesho yake nilioka mkate mweusi wa ngano nzima niliojifunza kwenye mikahawa ile. Nikafunga mmoja ndani ya zulia la bibi, mmoja nikautia ndani ya sufuria ya mama chapati, wote wakanishukuru. Wa mwisho niliuweka juu ya sinia la muuza kahawa, nikampelekea barazani pamoja na birika lake.

Alitafuna. Akatafuna. Akauteremsha kwa kahawa.

"Mkate wa kabila gani huu?"

"Wa kwetu," nilisema.

Akacheka mpaka akaweka kikombe chini. "Basi angalau sasa tunajua kwenu hamna meno mabovu." Akafuta sinia kwa kitambaa. "Jumatatu namleta. Lakini akianza kujisifu kama wewe, namtoa siku hiyo hiyo."