Mchukuzi wa Dada

Juzi nilikuwa stendi ya Sumbawanga nikisubiri gari la Mpanda. Mpanda sikuwa na shughuli yoyote. Mimi ni mtu wa kwenda tu. Nikikaa mahali mpaka majirani wakazoea jina langu, miguu inaanza kuwasha. Gari lilichelewa, manyunyu yakaanza, na ule upepo wetu unaoujua ukawa unapenya hadi kwenye meno. Nikajibanza kwenye kibanda cha fundi simu, mwanamume mnene aliyevaa makoti mawili, moja juu ya jingine.

Mezani pake, katikati ya simu zilizofunguliwa matumbo, kulikuwa na gemu ya mkononi, ndogo kama kipande cha sabuni.

"Shika, kaka, shika. Kushika hakuna kiingilio," alisema. "Humo yamo magemu yote ya enzi zetu. Utacheza mpaka uoe mke wa pili."

"Hata wa kwanza sina."

"Basi utacheza sana."

Nikaiwasha. Picha ndogondogo zikapita moja baada ya nyingine, na mimi nikawa nazipitisha kwa kidole bila kuzitazama sana, mpaka nikamwona. Mtu mdogo, mgongo umepinda, mzigo kichwani. Kidole kikasimama chenyewe.

Fundi alikuwa anaendelea kuisifu mali yake. "Uzuri wa hii inaanza haraka. Ukifa, bonyeza hapa, umerudi. Ukitaka kurudi palepale kabla hujafa, bonyeza hapa. Siyo kama zamani, unasubiri mpaka ugali unapoa."

Niliweka vidole vyangu juu ya vitufe vinne, viwili kulia na viwili katikati, nikavibonyeza vyote kwa pamoja. Yule mtu akatoweka, akatokea mwanzo wa njia, mzigo kichwani, kama vile hakuwahi kutoka.

"We!" Fundi aliacha bisibisi. "Hiyo umeitoa wapi?"

"Dada yangu alinifundisha."

"Yuko wapi huyo mtaalamu?"

Nilinyoosha kidole kuelekea njia ya Mwazye. "Nyumbani huko."

"Msalimie sana," akasema, akarudi kwenye simu yake.

Kwetu ni huko, ndugu yangu, juu kabisa, mahali ambapo mwezi wa saba asubuhi majani yanakatika chini ya mguu kama chumvi. Mama yetu alikuwa ameshafariki. Baba alikuwa amevuka kwenda Zambia kutafuta kazi, na habari zake zikakatika. Tulilelewa na bibi, mama yake mama, katika nyumba ya tofali yenye jiko la nje, ambalo kwa kweli ndilo lilikuwa nyumba. Humo tulikula ugali wa ulezi, mweusi, unaoshika kidole, na maharage yaliyolala motoni tangu jana. Humo moshi ulikausha ulezi darini, ukatukausha na sisi. Bibi alilima kwa namna ya wazee wa Ufipa: analaza majani, anayafunika kwa udongo, tuta la mviringo kama mgongo wa ng'ombe aliyelala, kisha anayaacha yaoze mpaka mwakani. Nilipomuuliza kwa nini haoni huruma kuzika majani mabichi, alisema ardhi hairudishi usichoipa. Nilikuwa na maswali mengi. Mwalimu alisema nina maswali kuliko madaftari, na wala hakuwa ananisifu.

Dada alikuwa mkubwa kwangu na alikuwa mgonjwa. Leo najua unaitwa selimundu, ugonjwa wa damu; siku hizo tulisema tu ugonjwa wa mifupa. Baridi ikishuka, magoti na viwiko vyake vilimkamata kama mtu anayekazwa kwa kamba mbichi. Hakuwa analia. Alikuwa anaguna kwa kupanga, guno, pumzi, guno, kama mtu anayetwanga, na bibi aliposikia mtwango ule aliacha alichoshika. Alikuwa na tofali lake maalumu, limekaa kando ya mafiga siku zote. Alilitoa motoni kwa vijiti, akalifunga kwenye kitenge kikuukuu, akaliweka kwenye magoti ya dada. Kazi yangu ilikuwa kuhakikisha moto haufi. Mpaka leo nikinusa kitambaa kinachotaka kuungua, naona magoti yale.

Gemu ililetwa na mjomba. Yeye alikuwa ameteremka zamani kwenda kuishi Kirando, kule ziwani, akaoa huko na kufanya biashara ya dagaa, na kila alipopanda kuja kutusalimia alikuja na gunia na kitu fulani cha ajabu kilichovuka maji kutoka ng'ambo. Safari hiyo kilikuwa kidude cha kijivu, kizito, chenye kioo cha rangi ya maji ya mtama. Kilikuwa na mchezo mmoja tu, na maandishi yake hakuna aliyeyaelewa, hata mwalimu. Mtu mwenye mzigo anatembea, anaruka mashimo, anapanda ngazi za mawe. Dada alimwangalia kidogo tu akaamua.

"Huyu ni mchukuzi," alisema. "Amebeba dagaa wa mjomba, anatoka Kirando, anapandisha huku kwetu."

Tangu hapo jina lake likawa Mchukuzi. Mawe yale yakawa mlima wa kupandia Ufipa. Mwishoni mwa njia, mbali kuliko mahali pote tulipofika, kulikuwa na daraja la kamba, na ng'ambo ya daraja ukungu. Dada alisema ng'ambo ndiko nyumbani, ataweka mzigo chini, atapewa togwa. Alitaka kuliona jambo hilo kuliko alivyotaka kitu kingine chochote. Alinihakikishia kwamba hafi kabla ya kuliona.

Mchukuzi alipoanguka, kidude kile kilipiga wimbo. Ulikuwa wimbo mrefu, unashuka noti moja moja kama mtu anayeteremka ngazi huku akikucheka, na kabla haujaisha hukuweza kufanya lolote. Dada aliuchukia. Tena ulikula betri, na betri kwetu zilikuwa taabu. Kwingine watu huanika betri juani zikapata nguvu kidogo. Sisi mwezi wa sita na wa saba jua tunalisikia tu. Kwa hiyo tulizipanga juu ya lile tofali la bibi. Zamu ya magoti, zamu ya betri. Bibi alipoona alisema, "Sasa kidude nacho kina mifupa?"

Vitufe vinne dada alivigundua mwenyewe, siku aliyoshikwa na maumivu akiwa anacheza na mikono ikajikunja yote kwa mara moja. Mchukuzi, aliyekuwa angani akielekea shimoni, akajikuta yuko mwanzo, mzima, na wimbo haukupigwa. Dada alisahau maumivu. Akacheka mpaka bibi akaja kuangalia.

Kuanzia siku hiyo hakumwacha Mchukuzi afe hata mara moja. "Usisubiri kufa, mjinga wewe," alinifundisha. "Ukiona mguu umekosa, rudi mwanzo mwenyewe. Haraka. Kabla ya wimbo." Mimi sikuwa na wepesi huo. "Mdogo wangu, ukimshika wewe Mchukuzi anatembea kama ana mimba. Lete hapa." Nami nilimpa, nikaegemea bega lake lililonuka moshi na dawa ya kuchua, nikamtazama akikosea na kurudi, akikosea na kurudi, vidole vinne, tap, kama hakuna kilichotokea.

Mwaka huo baridi ilikuja mbaya. Alitwanga mchana, akatwanga usiku, akawa mwepesi, macho ya manjano. Hospitalini mjini walimwongezea damu, daktari akasema asipigwe baridi. Bibi aliuliza, kwa upole kabisa, ni nani Ufipa asiyepigwa baridi. Mjomba alipopanda na lori safari hiyo, alikaa jikoni bila kuvua kofia.

"Mama, mtoto mnamgandisha. Kule kwangu ni joto mwaka mzima. Nipe."

"Kule kuna homa."

"Homa watu wanaugua wanapona. Mimi niko wapi? Si niko hapa?"

"Baridi inauma," bibi alisema. "Homa inameza."

Alikuwa anausema sana msemo huo, na wazee wengi wa kule juu walikuwa na wa namna hiyo. Lakini kesho yake asubuhi dada hakuweza hata kushika gemu, na bibi ndiye aliyefunga mzigo. Alinituma niende naye, kwa sababu nilijua kuwasha moto bila moshi mwingi.

Mzigo ule naukumbuka kitu kwa kitu. Mablanketi. Sweta, na sweta jingine juu yake. Soksi za sufu alizofuma mtawa mmoja wa parokiani. Kitenge cha kukandia magoti. Na chini kabisa, limefungwa kama mtoto mchanga, lile tofali. Tulikuwa tunateremka kwenye joto linaloozesha samaki kabla ya saa nne, na tulikuwa tumejiandaa kwa adui tuliyemjua. Chandarua hakuna aliyekifikiria. Kule juu kwetu mbu alikuwa mdudu wa kwenye masimulizi. Vyandarua vya kwanza kuviona maishani mwangu niliviona Kirando, mjomba na jirani zake wakivianikia dagaa.

Na dada alipona, ndugu yangu. Hilo ndilo lililokuwa gumu kulisamehe. Tulipoteremka mlima na hewa ikawa nzito na vuguvugu, nilimwona akinyoosha mguu, akaukunja, akaunyoosha, akaniangalia kwa mashaka kama mtu aliyerudishiwa chenji nyingi. Baada ya siku chache alikimbia. Sikuwa nimewahi kumwona akikimbia kabla ya hapo. Alikimbia vibaya, mikono huku na huku, mchangani, akifukuza kunguru kwenye dagaa. Betri zilikaa juani zikavimba nguvu. Tofali halikufunguliwa. Mke wa mjomba, mwanamke mcheshi aliyenuka dagaa na karafuu, alimwambia, "Kumbe mlikuwa mnamwita mgonjwa binti mzima. Huyu tutamwoza hapahapa." Dada akamjibu kwamba mume atakayemchukua awe na jenereta. Mchukuzi alikuwa anafika darajani sasa karibu kila siku.

Homa ilikuja kimyakimya. Siku ya kwanza alisema kichwa kizito. Mke wa mjomba alimkanda kwa maji, akampa vidonge, akasema ndiyo makaribisho ya ziwa, kila mgeni hukaribishwa. Hakusema kwa ubaya. Watoto wake wote walikaribishwa hivyo na walikuwa wanakimbia pale mchangani. Hakujua kwamba mtu wa juu hana cha kujikinga nacho, na mtu wa damu ile hana kabisa. Mjomba alikwenda kutafuta gari la kumpeleka hospitali.

Asubuhi ile boti zilikuwa zimeingia na dagaa wengi, na wanawake walikuwa wanawamwaga na kuwatandaza, mchanga wote umekuwa wa fedha. Mimi nilikuwa na fimbo yangu ya kunguru karibu na dirisha la chumba alicholala. Nilikuwa nasikia gemu. Nilisikia Mchukuzi anaruka, anapanda, vile vimlio vyake vidogo. Nikajisemea, anacheza, basi nafuu.

Kisha nikasikia wimbo.

Noti ya kwanza ilipolia nilisubiri akate. Ya pili. Wimbo ukaendelea kushuka ngazi zake zote, ambazo nilikuwa nimeshazisahau, mpaka ile ya mwisho kabisa, ndefu, halafu kimya. Nilisimama na fimbo mkononi. Kunguru walishuka mbele yangu wakala dagaa, na nikawaacha wale. Nilijua kabla mtu yeyote hajaingia chumbani.

Mjomba alikuja na gari kama alivyoahidi. Likawa ndilo lililompandisha. Bibi alikuwa amepeleka neno kwamba mtoto wake hatazikwa kwenye mchanga. Tulipanda ule mlima, jeneza katikati ya magunia ya dagaa kwa sababu lori lilikuwa la dagaa, na karibu na kileleni baridi ilitupokea, na mimi nikatoa yale mablanketi nikayatandaza juu ya jeneza. Hakuna aliyenikataza. Bibi alitukuta barabarani. Alitazama, akauliza jambo moja tu, tofali liko wapi, na alipopewa alilibeba mwenyewe mpaka nyumbani.

Gemu mjomba alibaki nayo, sikuiona tena. Shule niliiacha haukupita muda. Nimepita Tunduma, Mbeya, migodini, ziwa lile na ziwa jingine, na kila mtu aliponiuliza natafuta nini nimemjibu jambo tofauti.

Kwa hiyo unaelewa kwa nini gari la Mpanda lilipiga honi na mimi sikugeuka. Nilikaa kwenye stuli ya fundi nikampandisha Mchukuzi. Sikutumia vile vitufe vya kisasa isipokuwa darajani. Pale nilimwomba fundi anionyeshe, akanionyesha, na kila nilipoanguka alinirudisha palepale kwenye kamba ya kwanza, papo hapo, bila kungoja, bila aibu, mpaka nikavuka.

Ukungu ukafunguka. Hakukuwa na nyumba. Kulikuwa na njia ileile ya mwanzo, jiwe lilelile, shimo lilelile, na Mchukuzi ana mzigo wake kichwani vilevile. Tofauti ni moja tu: sasa alikuwa anakwenda kasi zaidi.

"Magemu ya zamani ndivyo yalivyo," alisema fundi. "Hayana mwisho. Yanakuzungusha tu mpaka ushindwe."

Nyumba ya bibi imebaki kuta mbili. Matuta yale ya mviringo siku hizi huyaoni, trekta limenyoosha kila kitu, na Kirando wanasema wanagawiwa vyandarua vya kulalia. Bibi mwenyewe yuko karibu na dada. Tofali lile tuliliweka kichwani pa kaburi la dada, na mara ya mwisho nilipopita mvua ilikuwa imeanza kulila. Nilifikiri dada angesema nini kuhusu ng'ambo ya daraja. Nadhani angecheka kwanza. Halafu angesema, lete hapa.

Mchukuzi alifika kwenye shimo la kwanza. Nilikuwa na vidole juu ya vitufe vyote vinne. Nikaviondoa.

Alianguka. Wimbo ukaanza, kwenye spika ile ndogo, mwembamba kuliko nilivyoukumbuka.

"Umekufa, kaka," fundi alisema, mkono wake ukija. "Bonyeza hapo urudi."

"Acha," nikamwambia. "Acha uishe."