Ndeke Yenye Nilikatazaka Kushuka

Dada yangu, weye mwenye ninaaminia, kaa nikuambie, na kama unataka kucheka, cheka, juu Likasi nzima ilikwisha kunicheka, na haya bado iko inaniuma mupaka leo.

Ilikuwa ile miaka kila kitu ilikuwa inaanguka, mishahara hakuna, na ku tour, ule munara wa kiwanja yetu kidogo ya ndeke, tulibakia babili: Papa Anaclet, mwenye kuongoza ndeke ku radio, na minye wa kuandika saa za ndeke mu cahier, daftari yetu (nilisomaka masomo ya mangaribi, kifalansa ya radio nilikuwa naijua kidogo, na nilikuwa najivuna nayo sana). Ile asubui mbuzi ikaingia ku piste, pale ndeke zinashukia, Papa Anaclet akashuka kuifukuza, akaniachia micro.

« Mama Véro, ndeke zote zinazunguluka kiwanja ku kushoto, moja nyuma ya ingine. Yenye iko mbele, inashuka mbele. Paka vile tu. »

Sasa, ile siku njo tulikuwa tunangoja abbé mupya, padri wa paroisse yetu, atashuka na ndeke, na bamama benzangu ba chorale balikuwa pale chini na pagne za kufanana na maua. Ikatokea ndeke kidogo, rangi imebanduka, ikaanza kuzunguluka. Nyuma yake ikatokea ingine, kubwa, ya kungaa. Nikawaza: abbé hawezi kuwa mu ile ya kuchakaa. Na mu kanisa abbé njo anapita mbele, bengine banangoja, si vile? (Shikuuliza hata pilote mumoja anabeba nani. Njo zambi yangu.)

« Ndeke kidogo, zunguluka tena, upitishe mukubwa. »

« Mama, minye njo wa kwanza. Essence imebakia kidogo, mafuta inaisha. »

« Patienta, tata, ngoja kidogo. »

(Ile wakati kila mutu alikuwa analia essence, nikasema na yeye analia tu.)

Ile kubwa ikashuka, nikapunga kitambaa ku dirisha, chorale ikaanza kuimba, na mulango ikafunguka, akatoka commerçant mumoja, mufanyabiashara wa tumbo, na sac ya samaki ya kukauka, bamama bakamuvalisha maua, na yeye akayapokea, anatubariki na mukono kabisa.

Njo radio ikasema, pole pole: « Mama, moteur imezima. »

Ndeke ikashuka bila sauti. Ile kunyamaza shiwezi kuisahau. Ikagusa piste, ikatoka pembeni, ikaingia mu mahindi. Nikakimbia na rozari mu mukono. Pilote mukono yake ilivunjika. Nyuma yake akatoka abbé, soutane, ile kanzu yake, imepasuka.

« Ni nani alitutuma kuzunguluka? »

Chorale yote ikaniangalia.

« Ni minye, mon père. Nilikuwa nakupitisha weye. »

Papa Anaclet alikuwa angali anashika mbuzi ku pembe. Akasema, « Mama Véro, kule juu hakuna mukubwa. Kuko wa mbele na wa nyuma. »

Nilipelekea ule pilote chakula, bukari na mboga, kila siku mupaka mukono ikapona, na hakunilaumu hata siku moja, na ile njo iliniuma kupita. Nikaapa mbele ya Mungu: shitaangalia tena rangi ya ndeke. Kisha, mukubwa mumoja wa kweli alikuja mu ndeke ya nyuma, nikamuambia azunguluke. Akakasirika. Akazunguluka.

Basi, dada, upelekee bengine hii habari, zaidi bale benye kupanga bantu mulolongo ku robinet ya mayi na ku dispensaire ya bagonjwa. Na jina yangu utaje, usiifiche.