Siku Nilipopiga Kelele Kwenye Filamu Bubu

Chekeni tu, maana mimi mwenyewe nikiikumbuka ile jioni ya Bur Dubai bado najifunika uso.

Nilikuwa weita hotelini, nina miezi michache tu tangu nitoke Nakuru, na juu ya paa kulikuwa na sherehe ya Bi Zuwena, bibi wa Kizanzibari aliyezeekea hapa hapa Dubai, na wajukuu zake walikuwa wamemwekea filamu fupi ya kale, zile bubu ambazo watu wanatembea mbio mbio kama wanakimbia mvua. Supavaiza alishatuonya tupite kando ya ukuta, lakini trei ya juisi ilikuwa nzito (haya, uongo, nilitaka kuona picha), nikakata katikati.

Kwenye filamu kulikuwa na mama dobi, njaa imemkausha, kamletea tajiri nguo alizomfulia, na yule tajiri badala ya kumlipa akamtupia mkate kwenye matope. Nikasimama. Kumbe nimesimama mbele ya projekta, na kivuli changu, trei na yote, kimetokea pale kwenye pazia kando ya mama wa watu. Mama akaanza kuinama, na mimi (mama yangu alifulia watu, mtanielewa) nikaupasua ule ukimya: "Usiokote, mama! Usiokote!"

Wageni wote wakageuka. Nami nikageuka, trei nayo ikageuka, juisi yote ya embe ikaishia kifuani mwa supavaiza.

"Khalas, basi!" akafoka. "Shuka chini, huna kazi!"

Machozi yalikuwa yananilenga nilipomsikia Bi Zuwena: "Mwacheni! Kasema nilokuwa nataka kusema mie. Njoo mwanangu, kaa hapa unihadithie, hayo maandishi yao ya Kizungu yanikimbia."

Basi wajukuu wakairudisha filamu nyuma kidogo, nami nikakaa na yunifomu yangu katikati ya waalikwa, nikahadithia kwa Kiswahili, kwa sauti, na watu wakatulia kunisikiliza. Na yule mama, wee, hakuokota! Alijinyoosha, akazikumbatia zile nguo safi, akaondoka nazo, hadi tajiri akamkimbilia barabarani, kofia kaivua, akamlipa mkononi. Paa zima likalipuka kwa makofi, Bi Zuwena akipiga vigelegele, na naapa nusu ya yale makofi yalikuwa yangu.

Familia ndiyo iliyomwomba supavaiza asinifukuze. Akanitazama, shati limemganda mwilini, akasema taratibu, "Siku nyingine, weka trei chini kwanza."

Kwa hiyo nimekula kiapo: sitakatiza tena mbele ya projekta nikiwa kazini. Kupiga kelele, hilo sikuahidi.