Paka wa Kijapani Kwenye Madaftari ya Kaloleni

Juzi jirani yangu alikuwa akipika gundi ya unga wa ngano, ile tuliyotumia zamani kabla ya gundi za chupa, na harufu yake ilipoingia dirishani hasira zikanipanda. Hasira za miaka arobaini, ndugu msomaji, na mimi nimesimama tu jikoni kwangu nachambua sukuma wiki. Acha nikueleze.

Nilipokuwa na miaka kumi na mmoja tulikuwa tukikaa Kaloleni, Nairobi. Kila Jumamosi mwanamke wa Kijapani, Bi Fumiko, alikuja kwenye ukumbi wa mtaa kuwafundisha akina mama ushonaji. Mama alikuwa mmoja wao, nami nilienda kumshikia mtoto. Bi Fumiko aliniona nikikodolea macho maandishi ya kwenye kopo lake la vifungo, akaanza kunifundisha herufi za kwao, tano kila Jumamosi. Aliporudi kwao nilikuwa nazijua zote arobaini na sita, na nilijiona profesa.

Taabu ikaanzia hapo, kwa sababu herufi nilikuwa nazo na cha kusoma sikuwa nacho. Baba, dereva wa duka moja la vipuri, aliniletea kitabu cha Kijapani cha maelezo ya breki na magazeti ya kwao yaliyokuja yamefungia vipuri. Sasa, Wajapani wana herufi nyepesi kama zile zangu, halafu wana nyingine nzito, maelfu, kila moja imesongamana mistari kama kiota cha ndege, na watu wazima wao huandika kwa kuzichanganya. Basi mimi nilikuwa nasoma "no", naruka kichaka, "wa", naruka kichaka, "ni". Ukurasa mzima ni no, wa, ni. Kaka yangu Mutua alicheka mpaka akakaa chini.

"Wee, hiyo Kijapani yako ni ya mtoi wa miezi sita!"

Nilitembea mpaka maktaba ya mjini. Bwana wa pale alinitolea kitabu kimoja kinene cha wasomi, hata picha moja hakina. Nikamwambia nataka chepesi. Akanijibu kwamba chepesi hakuna, anayetaka kujifunza huanza na hicho. Nililia kutoka pale hadi Muthurwa. Nani huanza na kitabu kama kile? Hata leo ningemuuliza.

Mwisho nikamwandikia Bi Fumiko kwa herufi zangu zilizopinda, nikimwomba kitu cha watoto wadogo. Alijibu kwamba ananitumia hadithi ya paka aliyekataa kuingia ndani ya nyumba. Nikiisoma hadi mwisho nimwandikie ilivyoisha, naye atanitumia nyingine. Soma barua hiyo uone kama ungelala! Niliingoja hadithi hiyo miezi mitano, nikimsumbua Baba, maana barua zetu zilipitia sanduku la posta la dukani kwao, kila jioni kabla hajavua viatu. Kisha Krismasi ikafika, nikapelekwa Machakos kwa nyanya.

Nilirudi Jumapili, kesho yake shule zikifunguliwa. Mezani palikuwa na rundo la madaftari yaliyovikwa majalada mapya, maana mtaani petu hakuna aliyemshinda Mama kwa kuvika madaftari. Pembe zake zilikuwa kali, gundi yake ya unga haikutoka nje, na majirani walimletea ya watoto wao ili wasichapwe na walimu. Mwaka huo majalada yalikuwa ya karatasi nzito inayong'aa. Kwenye daftari la juu kabisa paka mweusi alikuwa ananitazama, na chini yake palikuwa na herufi kubwa, nyepesi, nilizozijua zote.

Hadithi ilikuwa imefika nikiwa Machakos, na Bi Fumiko alikuwa ameng'oa pini za kitabu ili karatasi zienee kwenye bahasha. Mama alipoona karatasi zimelegea, akakumbuka kwamba kila karatasi aliyowahi kupewa na Bi Fumiko ilikuwa ya kukatia mitindo ya nguo. Akachukua makasi.

"Mwaitu, umekata kitabu changu!" nilipiga kelele. Mwaitu ndivyo sisi Wakamba tunavyomwita mama.

"Kitabu gani, Mwikali? Hizi si karatasi tu? Angalia vile nimemweka paka katikati."

"Kwani huoni zimeandikwa?"

Aliupitisha mkono wake juu ya daftari.

"Naona zimeandikwa," akasema. "Karatasi zote zimeandikwa."

Nilidhani ni ukaidi. Sikumsemesha siku tatu, na nilimjibu kwa mabega. Nilizunguka nyumba za jirani nikisoma migongo ya madaftari: ukurasa wa pili kwenye hesabu za Mutua, wa tano kwenye Kiswahili cha mtoto wa mama muuza maharagwe. Nusu ya kila ukurasa ilikuwa imekunjwa ndani na kugandishwa. Ukurasa wa mwisho ulikwenda na familia iliyohamia Kayole wiki hiyohiyo. Sikujua kama paka aliingia. Niliona aibu kumwandikia Bi Fumiko, na barua zikakoma.

Nilikuwa tayari nimeajiriwa siku niliyompelekea Mama fomu ya kutia sahihi. Aliigeuza, akaigeuza tena, kisha akanirudishia. Hakujua kusoma. Hajawahi kujua, na mimi niliyeishi naye miaka ile yote sikuwa nimeliona. Aliniambia aliwahi kwenda ngumbaru, lile darasa la watu wazima, palepale ukumbini. Siku tatu tu.

"Walitupatia kitabu cha kilimo cha kahawa. Maandishi madogo, madogo. Nikauliza kama kuna rahisi, wakasema hakuna. Na mimi nilitaka tu kusoma barua za dada yangu."

Nilikaa nikamtazama. Mwaka ule nilizunguka Nairobi nzima nikitafuta ukurasa mmoja mwepesi wa mtu anayeanza, na nikichoka narudi nyumbani kula chakula alichonipikia mtu anayeanza. Nilijua kabisa ukurasa wa namna hiyo unavyopaswa kuwa, herufi kubwa, maneno machache, picha ya paka. Ningeweza kumwandikia mmoja kwa dakika kumi.

Jioni ile nilinunua kalamu nene na daftari, nikamwandikia herufi ya kwanza, kubwa kama kiganja. Aliisogeza karibu na taa, akaisogeza mbali, akacheka kwa upole.

"Sasa ni macho hayataki, mwanangu."