Sauti ya Kuuzia Ndizi

Mama Usinune hakuzaliwa na jina hilo; alilipata sokoni. Aliuza ndizi kwa kuita wateja kutwa nzima, mpaka koo likamgomea. Mumewe, fundi redio, akamrekodi, akamwekea spika mezani: "Ndizi tamu hizi! Dada, kaka, usinune, nunua!" Watu wakacheka, wakanunua, naye akapumzisha koo.

Siku moja, akienda kununua sabuni, akasikia sauti yake mwenyewe ikimwita kutoka meza ya muuza viatu.

"Wewe! Hiyo si sauti yangu?"

"Ndiyo, mama," muuza viatu akajibu bila haya. "Nilimpelekea mumeo redio aitengeneze, nikaikuta rekodi yako, nikainakili palepale."

"Lakini inataja ndizi!"

"Viatu si wanaviona? Mimi nataka wageuke tu."

Haukupita muda, soko zima likawa linaita kwa mdomo wake, na wateja wake wakawa hawajui waelekee wapi. Akafura kwa hasira, akamwendea shemeji yake, mume wa dada yake, ambaye ni wakili.

"Rekodi ni mali yenu, shemeji, na sheria iko upande wako," wakili akamwambia. "Kesi utashinda. Ila utawashitaki wangapi? Gharama zitameza ndizi, meza na spika yenyewe."

Akarudi nyumbani amenuna yeye. Akikoroga chai, wazo likamjia. Asubuhi akamfuata muuza viatu.

"Nikurekodie yako, yenye jina lako na mahali ulipo? Ila hii unalipia."

Muuza viatu akakuna kichwa, akakubali. Wiki ileile jirani yake, naye wa viatu, akainakili na kuipiga kutwa. Wateja wakasikia jina, wakampita, wakaenda kwa mwenye jina. Jirani akaja mbio kwa Mama Usinune, pesa mkononi. Wakafuata muuza samaki, kinyozi, hata wa magodoro. Ile ya ndizi akawaachia wainakili wapendavyo, maana sasa iliitangaza bure kazi yake mpya.

Siku hizi ndizi anauza asubuhi tu. Mchana hujifungia kwenye karakana ya mumewe, feni imezimwa isivume kwenye rekodi, jasho linamtiririka, akirekodi. Juzi kinyozi alimjia na ombi zito: asimrekodie kinyozi mwenzake wa ng'ambo ya barabara.

"Inawezekana, baba," akasema akicheka. "Lakini kunyamaza kwangu ni ghali kuliko kusema."

Kinyozi akavuta kiti, wakaanza kupatana.