Maneno Niliyomtilia Staringi Mdomoni

Leo binti yangu Hodan amenifumania na uongo wa miaka ya tisini.

Watu wa Garissa wa zamani mnanikumbuka. Ukumbi wa video, filamu za Kihindi, na mimi nimesimama mbele natafsiri kwa sauti. Nilikuwa nimefanya kazi miezi miwili kwa duka la Mhindi, basi mkaamini najua Kihindi.

Wallahi nilijua kuhesabu tu. Mengine yote nilitunga.

Sasa leo Hodan ananiletea simu. "Aabo, si hii ndiyo ile filamu yako?"

Ndiyo hiyo. Staringi shati limechanika, kifua kama ukuta, amempakata babake aliyekufa. Pale mimi niliwatafsiria: "Mwanaume halii, hata akizika!" Mkapiga makofi ukumbi mzima.

Hodan akanisomea maandishi ya tafsiri chini ya picha.

"Baba, usiniache. Naogopa."

Na analia, jamani. Machozi yale niliwaambia ni jasho.

Mwezi jana rafiki yangu Abdi, aliyekuwa hakosi filamu humo ukumbini, alimzika mwanawe. Imamu mwenyewe alifuta machozi. Abdi, hata tone. Akanishika mkono, akaniambia, "Walaal, ndugu yangu, bado nakumbuka ulivyotufundisha."

Nami nikaona fahari. Astaghfirullah.

Saa hii niko nje ya geti lake hapa Galbet, simu ya Hodan mkononi.

Mliokuwa ukumbini, niambieni, naanzaje?

Namsikia huko ndani. Anachekesha wageni.