Turubai la Buluu la Sibwesa

Siku yangu ya kwanza kazini, Mkuu wa Madaraja hakunipa kiti. Nilikuwa nimetoka chuo cha kilimo na cheti changu kwenye bahasha, naye akanikabidhi kifungu cha pamba nyuzi, yaani pamba iliyokwisha kutenganishwa na mbegu zake, chenye ukubwa wa ngumi.

"Usinieleze ulichosoma," alisema. "Nieleze unachokiona."

"Ni nyeupe, mzee."

"Hata sembe ni nyeupe. Vuta."

Chumba cha madaraja ndimo pamba ilimopimwa ubora kabla ya kuuzwa, na chetu kilikuwa ndani ya kiwanda cha kuchambua pamba mjini Mpanda. Kuvuta ni hivi: unashika kifungu kati ya vidole gumba viwili, unakitenganisha, unakilaza upya, unarudia mpaka nyuzi zilale sambamba kama nywele zilizochanwa. Hapo urefu wake huonekana. Nyuzi ndefu hutoa kitambaa laini. Fupi hukatika mashinini. Nilivuta msimu mzima hadi ngozi ya vidole gumba ikawa ngumu. Mkuu aliniambia kwamba jicho hudanganywa na mwanga, lakini kidole gumba hakina mwanga wa kukidanganya.

Baadaye nilipandishwa kuwa msimamizi wa ubora katika vituo vya kununulia. Nilianzia Mwese, nikipanda vilima kwa pikipiki na mara nyingine kwa miguu, kisha nikapelekwa Sibwesa. Kila mkutano niliulizwa swali lile lile: bei inapangwa na nani? Bei dira, ile ya kuanzia msimu, hutangazwa hapa nchini, ila mizizi yake iko mbali. Iko kwenye masoko yanayouza pamba ambayo bado haijapandwa. Iko kwenye serikali tajiri zinazomfidia mkulima wao bei ikianguka, naye akaendelea kulima kana kwamba haikuanguka. Iko hata kwenye visima vya mafuta, maana nyuzi za viwandani zinazoshindana na pamba hutokana na mafuta hayo. Katika yote haya mkulima wa Sibwesa haulizwi neno. Kilichobaki mikononi mwake ni usafi wa pamba yake, nami nikauhubiri usafi huo kwa nguvu zangu zote.

Mwaka mmoja mvua iliwahi wakati pamba bado imerundikwa uani. Nikawaagiza wakulima watandike turubai chini ya rundo na kulifunika kwa jingine. Walitii. Msimu uliofuata kila kaya ilikuwa na turubai la buluu, nami nilipopita na kuona ule ubuluu nyumba hadi nyumba, nilijisifu kimoyomoyo.

Kisha Meneja wa Ununuzi akaniita Mpanda. Juu ya meza yake kulikuwa na kipande cha kitambaa cha rangi ya damu ya mzee, na ndani yake vijistari vya buluu, vyembamba kama mikwaruzo.

"Kimerudi kutoka kwa mteja ng'ambo," alisema. "Rangi imeshika pamba, hivyo vijistari vimegoma. Ni plastiki. Robota ni za Sibwesa."

Kila robota, mzigo wa pamba nyuzi uliokandamizwa na kufungwa, huwa na namba ya kituo ulikotoka. Hapakuwa na pa kubishia.

"Wakulima wako wanabebea pamba kwenye viroba vya plastiki," aliendelea. "Kituo nakifunga."

Kufunga kituo maana yake ni familia zote zile kusafirisha mzigo hadi Mpanda kwa barabara isiyopitika, au kumwachia mlanguzi kwa bei atakayotaka. Niliomba wiki moja. Alinipa siku tano.

Sibwesa nilikagua mifuko nyumba kwa nyumba. Yote ilikuwa ya pamba, kama sheria inavyotaka. Siku ya nne nilikuwa uani kwa Mama Kabula, mkulima aliyeongoza kikundi cha wanawake wachambuaji, nikiwa nimeishiwa maswali. Nikaketi kando ya rundo lake, na mkono wangu, bila kuutuma, ukashika ncha ya turubai iliyochakazwa na jua. Vidole gumba vikavuta. Nyuzi zikatoka, zikalala sambamba, laini kabisa. Nikazilinganisha na kile kitambaa nilichopewa na Meneja. Buluu ni ile ile.

Jioni hiyo niliuambia mkutano wa chama cha msingi cha ushirika kwamba kosa lilitokana na somo langu. Mwenyekiti, Mzee Masanja, aliyehamia huko na ng'ombe wake kutoka Usukumani, alisimama.

"Mayu," alisema, akiniita mama kwa Kisukuma, "miaka yote unalalamika kwamba sisi wakulima hatusikii. Tumesikia mara moja tu, ona sasa."

Watu wakacheka, nami nikacheka nao.

"Tufunikie nini basi?" aliuliza Mama Kabula.

"Marekani," nilijibu. Ndicho kitambaa cheupe cha pamba kisichotiwa rangi.

"Hicho cha dukani, kinachotoka ng'ambo?"

"Ndicho."

"Kwa hiyo tunawauzia pamba, halafu tunainunua kwao ili tufunikie pamba." Hakuwa na hasira. Aliuliza kama mtu anayekagua mshono. "Na hiyo marekani, ni pamba ya nani?"

Niliandika swali lake kwenye daftari langu.

Katika ripoti niliandika kuwa wakulima walifuata maelekezo na kwamba maelekezo yalikuwa yangu. Meneja aliisoma mara mbili.

"Unajua ulichokitia sahihi?"

"Najua."

"Kituo kibaki. Wewe urudi mezani."

Ndivyo nilivyorudi chumba cha madaraja, na sikupandishwa tena. Msimu uliofuata sampuli za kwanza za Sibwesa zilifika mbele yangu, na nilizivuta polepole kuliko nilivyowahi kuvuta chochote. Hazikuwa na buluu.

Nimestaafu kwa hiari nikiwa na miaka hamsini na mitano. Vijana mtakaoingia kazi hii mtapewa mashine zinazosoma nyuzi kwa sekunde chache, na ni jambo jema. Ila mashine haitawaambia nani aliwafundisha wakulima wanachokifanya. Hilo ulizeni wenyewe, na anzieni kwa aliye karibu zaidi.

Wanawake wa Sibwesa waliniletea zawadi ya kuniaga: shuka la marekani lililotumika kufunikia pamba misimu kadhaa. Juzi nilichomoa uzi pembeni, nikaufumua, nikauvuta kati ya vidole gumba. Mkuu angeniuliza ninachokiona. Ninaona nyuzi safi, ndefu kiasi, zinazofanana sana na za kwetu. Namna ya kumthibitishia Mama Kabula kwamba ni zetu bado naitafuta.